Mjadala: Je, Zeus alikuwa chini ya Moirai kweli?

Wakuu, kila wanapotajwa miungu wa Wagiriki wa kale hukosi mtu wa kusema kwamba Moirai, wale dada watatu wa majaliwa, walikuwa juu ya miungu wote, na kwamba hata Zeus, mfalme wa miungu, alifuata amri yao. Mimi siikubali kauli hiyo. Naomba tuijadili kwa maandiko yenyewe.

Kwa ambao hawawajui: Clotho husokota uzi wa maisha, Lachesis humpimia kila mtu fungu lake, Atropos hukata. Majina hayo yamo katika Theogony, shairi la Hesiod kuhusu asili ya miungu, na ugomvi unaanzia humo humo, kwa sababu amewapa wazazi mara mbili. Kwanza ni watoto wa Usiku, aliyewazaa bila mume, kabla simulizi haijafika kwenye kuzaliwa kwa Zeus. Baadaye ni mabinti wa Zeus na Themis, na hapo tunaambiwa Zeus ndiye aliyewapa heshima kuu. Wanaowaweka Moirai juu hunukuu sehemu ya kwanza, ya pili wanaipita kimya.

Lakini tuache nasaba, twende kitabu cha 16 cha Iliad, utenzi wa Homer kuhusu vita vya Troya. Sarpedon, mwana wa Zeus, anakaribia kuuawa na Patroclus, mpiganaji wa Wagiriki, na fungu lake ni kufa siku hiyo. Zeus anasitasita: amnyakue vitani akiwa hai na kumrudisha kwao Lycia, au amwache afe? Hera, mkewe, anamjibu kwa ukali. Anamwambia afanye atakavyo, ila miungu wengine hawataafiki, na kila mmoja mwenye mwana pale Troya naye atataka kumwokoa wake. Someni jibu hilo polepole. Hera hasemi "huwezi". Anachomtajia ni gharama. Zeus anatii, anamwaga mvua ya damu kumlilia mwanawe, kisha maiti inabebwa na Usingizi na Mauti hadi Lycia. Huyo ni mfalme aliyekuwa na uwezo wa kuvunja mpango akajizuia, kwa sababu angeuvunja yeye wangeuvunja wote. Kwangu mimi, uchungu wa kisa kizima uko hapo: angekuwa amefungwa mikono, kusitasita kwake kungekuwa na maana gani?

Kitabu cha 22 kinarudia jambo lile lile kuhusu Hector, shujaa wa Troya. Zeus anamhurumia, binti yake Athena anampinga kwa maneno karibu yale yale, kisha Zeus anatoa mizani ya kupima nani afe, na upande wa Hector unazama.

Najua mtaniletea tamthilia ya Prometheus, aliyefungwa mwambani na Zeus kwa kuwaibia binadamu moto, inayohesabiwa kuwa ya mtunzi Aeschylus. Humo Prometheus anasema usukani wa mambo uko kwa Moirai na Erinyes, miungu wa kisasi, na kwamba Zeus hawezi kukwepa kilichopangwa. Sawa, lakini msemaji ni adui yake aliye kwenye minyororo. Na jambo analomtishia nalo, yaani ndoa itakayozaa mwana mwenye nguvu kumshinda baba, Zeus alilikwepa: Thetis, mungu wa kike wa bahari ambaye Zeus alimtaka, aliozwa kwa Peleus, binadamu, na mwana akawa Achilles.

Hoja yenu nzito kuliko zote, kwa maoni yangu, iko kwa mwanahistoria Herodotus. Mfalme Croesus wa Lydia alipolalamika baada ya mji wake mkuu, Sardis, kuanguka, Delphi, patakatifu pa Apollo palipotolewa utabiri, ilimjibu kwamba hata mungu hawezi kuepuka fungu lililopangwa. Hilo siwezi kulipuuza. Ila jibu hilo hilo linasema Apollo aliomba na kupata miaka 3 ya kuchelewesha anguko, kwa hiyo hata hapo Moirai walikubali kusogeza kitu. Tena anayezungumziwa ni Apollo, si baba yake Zeus.

Na huko huko Delphi, msafiri Pausanias, aliyeandika katika karne ya 2 BK, anasema alikuta sanamu za Moirai wawili tu. Mahali pa wa tatu palisimama Zeus na Apollo, kila mmoja akiitwa kiongozi wa Moirai. Waliosimamisha sanamu hizo kwenye patakatifu pakubwa namna ile hawakumwona Zeus kuwa mtumishi wa mtu.

Mnaopinga, anzeni na Hera. Kama Zeus hakuweza kumwokoa Sarpedon, kwa nini amwambie "fanya"?