Macho makavu baada ya operesheni ya leza: mlitumia matone gani? Tupeane uzoefu

Kifaru wa Dodoma
Wakuu, habari za majukumu. Jana nilikuwa kwenye basi la jioni kutoka Dar. Tulipopita Gairo, dada wa siti ya pembeni akatoa kichupa mkobani, akainua uso, akajitia tone. Sikumuuliza kitu ila nilijua: huyu naye kafanyiwa. Mimi niko wiki ya saba tangu nifanyiwe LASIK. Nilivaa miwani tangu kidato cha pili, nikafika lenzi ya namba -5, na sasa nasoma bango la ng'ambo ya barabara bila kitu usoni. Namshukuru Mungu kwa hilo. Lakini macho yanakauka vibaya mno. Ikifika saa nane mchana ofisini, chini ya kiyoyozi, ni kama kuna mchanga umeingia na hautoki. Nina vichupa vitatu: kimoja cha hospitali, kimoja nilipewa duka la dawa, kimoja kaniletea shemeji yangu. Mliopita huku, mlitumia kipi, mara ngapi kwa siku, na iliwachukua muda gani kuachana nacho?

Shangazi wa Magomeni
Umenigusa, mdogo wangu. Nilifanyiwa Hyderabad mwaka 2019, macho yote mawili asubuhi moja, na kesho yake nikawa naona nyuzi za pazia la hoteli moja moja. Nililia kwa furaha. Kilio kingine kilinikuta wiki ya tano, nimesharudi nyumbani.

Ilikuwa saa tisa usiku. Nimeamka niende msalani, nikafumbua jicho la kulia, nikasikia kitu kinabanduka. Kope ilikuwa imegandana na jicho, na mimi nimeivuta kama unavyovuta plasta kwenye kidonda kibichi. Nimezaa watoto watatu, lakini maumivu yale niliyaogopa. Nikakaa sakafuni pale pale koridoni, kiganja juu ya jicho, machozi yanatiririka mpaka shingoni. Mume wangu anauliza, "Mbona unasema macho makavu na maji yote haya?" Hata mimi sikuelewa. Baadaye ndiyo nikaambiwa: jicho kavu likiwasha linamwaga machozi ya maji matupu, yanateleza mashavuni na kuliacha kavu vile vile.

Daktari wa hapa Dar akanitia rangi ya njano, akazima taa, akanimulika kwa mwanga wa buluu, akapiga picha kwa simu yangu. Konea yangu, kile kioo cha mbele ya jicho, ilikuwa na vidoa vya kijani kila mahali, kama jani lililoliwa na wadudu. Akauliza natumia nini. Nikatoa chupa yangu, machozi bandia ya kawaida kabisa, nikamwambia kwa kujiamini kwamba natia mara 12 kwa siku wala siruki. Akageuza boksi, akapigia mstari kwa kalamu: benzalkoniamu kloridi. Hicho ndicho kihifadhi, kinazuia vijidudu visiote ndani ya chupa. Ukitia mara mbili tatu kwa siku wengi wanakivumilia. Mara 12, kwenye jicho lililotoka kukatwa, kinachubua ngozi ya juu ya konea. Nilikuwa najiumiza kwa bidii yangu mwenyewe.

Akanihamishia kwenye vile vichupa vidogo vya kuvunja shingo, visivyo na kihifadhi, vya sodiamu hayaluroneti. Usiku dawa nzito ya mafuta, ya tyubu. Ukishapaka unaona ukungu, kwa hiyo unapaka ukiwa tayari kitandani. Kwa bei nilizokuta mimi, ilikuwa zaidi ya mara tatu ya ile chupa ya mwanzo. Nilisimamisha saluni nikanunua dawa. Mwezi wa nne nikashuka hadi mara nne kwa siku. Mwezi wa tisa nikasahau kichupa nyumbani na sikukikumbuka mpaka jioni. Siku hizi natia nikipanda ndege tu.

Njiwa Mweupe
Saa tisa usiku, kope kubanduka. Nilidhani ni mimi peke yangu duniani.

Pwani Kwetu
Pole dada. Ila mnateseka bure na madawa ya gharama. Bibi yangu alitibu macho ya mtaa mzima kwa asali ya nyuki wadogo, tone moja asubuhi, tone moja usiku. Na maziwa ya mama anayenyonyesha, hayo hayana mfano.

Mpita Njia wa Moshi
Pwani Kwetu, tafadhali futa hiyo. Nimeuguza ndugu wodi ya macho, kitanda cha pili alikuwepo mama aliyetiwa majani yaliyopondwa kwenye jicho lenye mchubuko. Konea ilioza. Hakwenda na jicho lile nyumbani.

Pwani Kwetu
Mimi sijasema majani, nimesema asali. Soma kwanza kabla ya kumshambulia mtu. Bibi yangu alifariki na miaka 90 na alitunga shanga bila miwani.

Mpita Njia wa Moshi
Bibi yako hakukatwa konea kwa leza. Hapo ndipo tunapotofautiana, wala simvunjii heshima.

Mama Wawili
Naomba niseme langu, maana hiki kichupa cha kuvunja shingo kimenirudisha mbali. Aliyefanyiwa ni mume wangu, yuko mwezi wa tatu. Mchana ule alikuwa amegundisha ndara ya mtoto kwa supagluu, akaiweka juu ya friji. Juu ya friji ndipo na vichupa vyake vya macho vilipokaa. Usiku umeme ukakatika. Akapapasa, akashika kitu chembamba cha plastiki, kina shingo ya kuzungusha, akazungusha, akainua uso.

Sijawahi kusikia mwanaume mzima analia vile. Nimewasha tochi ya simu, jicho la kushoto limefumba na kope zimeshikana zimekuwa kitu kimoja, kigumu, kinang'aa. Yeye anataka kulivuta lifunguke. Jirani kaja na kile kimiminika cha kutolea rangi ya kucha, anasema kinayeyusha gundi. Nilikuwa nimeshakipokea mkononi. Nyumba ya nyuma anakaa nesi, kapiga kelele akiwa dirishani: "Usimtie hicho! Maji ya vuguvugu, mengi, usivute!" Tukammwagia maji ya vuguvugu kwa jagi muda wote tukisubiri bajaji, watoto wawili wamekaa kwenye ngazi hawasemi neno.

Njiwa Mweupe
Mungu wangu. Ikawaje?

Tausi wa Mombasa
Kile kifuniko cha konea walichomkatia kwenye LASIK je, kilisogea? Usituache hapa dadangu.

Muuza Dawa
Wakati tunamsubiri Mama Wawili, mimi nasimama nyuma ya kaunta ya duka la dawa kila siku, nawaomba sana jambo moja. Msiseme "nipe ile ya macho". Kuna za kulainisha: kaboksimethaiselulosi, haipromelozi, hayaluroneti. Hizo ndizo machozi bandia. Kuna za kuondoa wekundu, zenye tetrahaidrozolini au nafazolini. Zinabana mishipa ya damu, jicho linakuwa jeupe saa chache, ukizizoea wekundu unarudi zaidi ya mwanzo, na ukavu haukutibiwa hata kidogo. Halafu kuna zenye steroidi, zile kali za kutuliza uvimbe, hasa deksamethasoni iliyochanganywa na neomisini. Hizi ndizo zinaniumiza moyo. Daktari anaandika kwa siku chache baada ya operesheni, mgonjwa anapata nafuu, chupa ikiisha anakuja nayo tupu, "nipe kama hii". Nikikataa anavuka barabara, anauziwa. Someni boksi, na hakikisheni imesajiliwa na TMDA, mamlaka ya dawa ya Tanzania.

Tausi wa Mombasa
Hiyo ya steroidi ni ukweli mchungu. Kakangu alitia miezi minane kwa sababu macho yalikuwa yanatulia. Presha ya macho ikapanda kimya kimya, hana maumivu yoyote. Alikuja kugundua alipogonga kioo cha pembeni cha gari la jirani ambacho hakukiona kabisa. Kilichopotea pembeni hakirudi. Sasa anatia dawa ya presha kila usiku, na ataitia maisha yake yote.

Kahawa Chungu
Ndiyo maana mimi nasema miwani haina kosa. Unalipa mamilioni ukanunue ukavu.

Shangazi wa Magomeni
Kaka, wewe umevaa -8 ukaamka usiku mtoto analia na huoni miwani iko wapi? Mimi nimeamka hivyo miaka 15. Ningefanyiwa tena kesho.

Kahawa Chungu
Nimekuelewa shangazi. Sikuwa na nia mbaya.

Mkaazi wa Muscat
Assalamu aleikum ndugu zangu. Huku kiyoyozi kinawaka usiku na mchana, kwa hiyo haya ni maisha yetu. Mimi niliambiwa hivi: LASIK inakata mishipa midogo ya fahamu ya konea, ndiyo maana jicho halijui kwamba limekauka, halitoi machozi na wewe hupepesi vya kutosha. Mishipa inaota tena polepole, kwa miezi. Basi matone ni ya kuvukia daraja. Elekeza upepo wa kiyoyozi miguuni, na weka vichupa kwenye friji, ubaridi unatuliza.

Muuza Dawa
Friji si lazima, fuata karatasi ya ndani ya boksi, kuna ambazo hazitaki kabisa. Na ukitumia dawa mbili, subiri dakika tano katikati. Nyepesi kwanza, mafuta mwisho.

Binti wa Minneapolis
Msiamini tu neno "haina kihifadhi" mkafunga macho. Mwaka 2023 huku Marekani kulitokea maambukizi ya bakteria Pseudomonas, yakafuatiliwa hadi kwenye machozi bandia ya chupa, yasiyo na kihifadhi, yaliyotengenezwa India. Wagonjwa 81 katika majimbo 18, wanne walifariki, na wapo waliong'olewa jicho. Mama yangu alikuwa na aina ile ile bafuni. Niliitupa nikiwa natetemeka. Kichupa cha kuvunja shingo ukishakivunja usikilaze siku tatu kwa kubana matumizi. Na ncha isiguse kope.

Pwani Kwetu
Si nilisema? Viwandani nako kunaua.

Mpita Njia wa Moshi
Na asali yako imepimwa na nani?

Njiwa Mweupe
Jamani, Mama Wawili bado hajarudi na ninyi mnagombana. Mimi kilichonisaidia ni kikaratasi cha njano nilichobandika pembeni ya kioo cha kompyuta: PEPESA. Wenzangu ofisini wakipita nao wanapepesa. Na ulaji wa dagaa.

Mkaazi wa Muscat
Dagaa kula kwa afya, lakini mafuta ya samaki yalipimwa Marekani kwa wagonjwa wa macho makavu zaidi ya 500, matokeo yakatoka 2018: hayakushinda mafuta ya zeituni waliyopewa wenzao.

Njiwa Mweupe
Basi nabaki na kikaratasi.

Mama Wawili
Samahanini, nilikuwa nalaza watoto. Hospitali walimkata kope zote za jicho lile kwa mkasi mdogo, wakalainisha, wakasema tusilazimishe. Siku ya pili jioni likafunguka lenyewe, kipande cha gundi kikatoka kama gamba la samaki. Konea ilikuwa na mchubuko, kifuniko hakikusogea. Wiki nzima walimwona kila siku. Leo anaona, na kope zimeota.

Kifaru wa Dodoma
Alhamdulillahi. Nimekaa na vichupa vyangu vitatu na tochi. Cha shemeji kina tetrahaidrozolini. Cha dukani kina benzalkoniamu, na mimi natia mara kumi. Kile cha hospitali nilichokiamini kuliko vyote kimeandikwa deksamethasoni. Karatasi yao inasema wiki mbili. Mimi nilinunua cha pili mwenyewe, naingia wiki ya saba. Kesho saa mbili asubuhi nipo mlangoni kwao wanipime presha ya macho. Dada Mama Wawili, sasa dawa za mumeo mnaweka wapi?

Mama Wawili
Nimeshona kifuko cha kipande cha kanga, kinaning'inia kwenye nguzo ya kitanda, upande wake. Gundi iko kwa jirani. Tukiihitaji tunaenda kuomba.