Hurston alinakili kazi ya mwenzake. Habari zake za Kossola tuziamini?

Karani_wa_Zamani: Wakuu, Kossola (Wamarekani walimwita Cudjo Lewis) alifikishwa Alabama, Marekani, kama mtumwa mwaka 1860 na meli ya Clotilda, akiwa na wenzake zaidi ya 100. Kuingiza watumwa kutoka nje kulikuwa marufuku Marekani tangu 1808. Mwandishi Mmarekani mweusi Zora Neale Hurston alimhoji 1927, na sehemu kubwa ya makala aliyotoa aliichota kwenye kitabu cha Emma Langdon Roche cha 1914. Baadaye akaandika kitabu kizima, wachapishaji wakakikataa, kikatoka 2018. Aliyenakili mara ya kwanza, kwa nini aaminiwe ya pili? Mimi simwamini.

BintiPangani: Mkuu, kitabu chenyewe umekisoma? Makala na kitabu ni vitu viwili. Hurston alirudi kwa mzee Kossola na mapichi, na tikiti maji. Siku nyingine mzee hataki kuongea kabisa, ana kazi zake. Alipoomba kumpiga picha, Kossola akavaa suti yake nzuri kisha akavua viatu, aonekane kama yuko Afrika. Picha ipo. Hilo alilinakili kwa nani?

Mtoro77: Kila siku lawama kwa Wamarekani. Waliomkamata ni jeshi la Dahomey, ufalme wa Afrika Magharibi (leo Benin), wakiwemo askari wanawake. Tulimuuza sisi wenyewe.

BintiPangani: "Sisi" nani? Babu yangu hakuwahi kufika Dahomey.

Karani_wa_Zamani: Jamani, turudi kwenye mada.

Mtoro77: Pangani ndiyo usiitaje dada. Misafara ilishukia wapi? Soko la watumwa Unguja limefungwa 1873, Clotilda ilishachomwa moto zamani kuficha ushahidi.

BintiPangani: Usimfanye babu yangu mfanyabiashara wa watu! Upande wa mama tumetokana na mtu aliyeletwa na msafara kutoka Nyasa. Nyumbani halitajwi hilo, hata kwenye matanga. Kwa hiyo nikimsoma Kossola anayetaja jina la baba yake kwa mtu aliyekuja kumsikiliza, naumia.

Mwl_Shabani: Nadhani hapo ndipo penye uzito. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani vilipokwisha na watumwa kuachwa huru, Kossola alimwomba ardhi Timothy Meaher, yule tajiri aliyegharamia safari ya meli. Akakataliwa kwa dharau. Yeye na wenzake wakafanya vibarua, wakabana matumizi, wakanunua ardhi wenyewe. Makazi yao, Africatown, yapo mpaka leo pale Mobile, Alabama, na mabaki ya Clotilda yalithibitishwa 2019. Meli haikunakiliwa.

Karani_wa_Zamani: Mwalimu, meli sijaikana. Nauliza maneno ya mzee yalipita kwenye kalamu ya nani.

Mtoro77: Dada, kama kwenu hamlitaji, mnamdai nini Meaher? Anzeni kwenye hayo matanga.

BintiPangani: Matanga ya kwetu hupangiwi na wewe. Na bibi yangu yu hai, nitamuuliza mwenyewe. Wewe wa kwenu umemuuliza nini?