Tupeane uzoefu: mgonjwa wako alipoanza kuona watu ambao wewe huwaoni

Binti Kigamboni:
Wakuu, habari za jioni. Leo kwenye daladala mbele yangu alikaa mzee na kijana wake. Mzee akawa anamwambia kijana asogee ampishe mama mwenye mtoto mgongoni, na hapakuwa na mama wala mtoto. Kijana akamkaripia mpaka abiria wakageuka. Nimeshindwa kunyamaza, maana hayo nimeyaishi na baba yangu.

Baba alianza kutetemeka mkono wa kulia. Wakasema Parkinson, ugonjwa wa ubongo unaoleta kutetemeka na kukakamaa, akaanzishiwa dawa yake, levodopa. Kisha akawa anasema kuna mtu kasimama nyuma yake. Hamwoni, anamhisi tu. Baadaye wakaja watoto wenye sare za shule, wanakaa kwenye kochi, hawasemi neno. Mama anapakua chakula, baba anauliza, "Na hawa mbona hamjawapa?" Kilichotuvuruga ni kwamba leo anachambua siasa na anakumbuka nani alimkopa mwaka 1984, kesho hajui choo kiko upande gani. Usiku alikuwa anapiga mateke na kupiga kelele usingizini, na hilo lilianza miaka mingi kabla ya kutetemeka. Hakuna aliyejua kama vinahusiana.

Usiku mmoja akataka kutoka nje kuwafuata wale watoto. Mama alipomzuia akamsukuma, mama akaanguka. Tukampakia kwenye bajaji mpaka hospitali moja, jina naliacha. Aliyekuwa zamu aliposikia "anaona watu" akaagiza sindano ya haloperidoli, dawa ya kutuliza wanaoona au kusikia yasiyokuwepo. Hakuuliza mzee anatumia dawa gani wala hakuutazama ule mkono. Ndugu zangu, asubuhi baba alikuwa gogo. Shingo haigeuki, taya limekaza, mate yanamtoka, macho yako wazi na hamtambui mtu. Joto likapanda. Maji ya kijiko yanarudi nje. Mama akaanza kuwapigia simu ndugu wa Songea waje, na mnajua simu ya namna hiyo maana yake nini.

Aliyetuokoa ni daktari wa mishipa ya fahamu tuliyeelekezwa kesho yake. Alisema ule ni ugonjwa wa usahaulifu wa chembe za Lewy, yaani vibonge vya protini vinavyojikusanya ndani ya ubongo, na kwamba mtu aliyekakamaa, anayeona watu na akili yake inapanda na kushuka, hapigwi sindano ile. Inaziba dopamini, kitu kilekile ambacho ubongo wake umepungukiwa. Baba alirudi polepole, ila kutembea peke yake hakurudi. Nasema kwa herufi kubwa: UKIFIKA HOSPITALI, TAJA KUTETEMEKA KABLA HUJATAJA ANACHOKIONA.

Kipanga Mweusi:
Pole sana dada. Hiyo ya mateke usingizini, mzee wetu naye ni hivyohivyo kabisa.

Mzee wa Nyasaka:
Poleni. Lakini mimi nitasema lililo moyoni. Watoto wanaokuja kukaa sebuleni bila kusema si mambo ya vidonge. Ulizeni hiyo nyumba ilijengwa juu ya nini. Kuna vitu hospitali haina kipimo chake.

Nesi Mstaafu:
Mzee wangu, shikamoo. Kwa heshima zote, wodini nimewapokea wengi waliocheleweshwa kwa kauli hiyo. Mtu mzima ambaye wiki iliyopita alikuwa timamu na leo anaona mende ukutani, tafuta kwanza malaria, nimonia, UTI, sukari kushuka, au dawa mpya aliyopewa. Bibi wa miaka themanini UTI inaweza isimpe hata homa, ikamvuruga kichwa tu.

Njia ya kupima hapo nyumbani: mwambie ataje siku za wiki kwa kurudi nyuma, Jumapili, Jumamosi, Ijumaa. Kama kawaida alikuwa anaziweza na sasa anapotelea katikati, au anasinzia ukiwa unaongea naye, umakini umevurugika, na hilo ni la kukimbizwa hospitali usiku huohuo. Kwa kijana anayesikia sauti tu, fahamu ziko wazi na tarehe anaijua, njia ni nyingine.

Mzee wa Nyasaka:
Marahaba mwanangu. Sijasema asipelekwe hospitali. Nimesema aende kote kuwili.

Kipanga Mweusi:
Kote kuwili ndiko kulikomaliza ng'ombe za baba yangu mdogo.

Mama Wawili:
Mimi ya kwangu ni ya gongo. Mume wangu alikunywa miaka kumi na kitu. Siku moja mchungaji kaja, wameomba, akaapa haonji tena. Nikafurahi, nikamchinjia kuku. Hazikupita siku nyingi mikono ikaanza kumtetemeka, jasho, halali. Akawa anaokota wadudu kwenye shuka na mimi siwaoni. Usiku akasema askari wamezunguka nyumba. Akachukua panga, akatoka, akapanda juu ya bati la jirani. Jirani akapiga yowe la mwizi.

Dakika Moja:
Weee! Ikawaje?

Kipanga Mweusi:
Mama usituache hewani.

Mama Wawili:
Mtaa mzima ukatoka na mawe. Nilikimbia na kanga moja nikilia kuwa ni mume wangu, ni mgonjwa. Kijana wa bodaboda ndiye aliyenisikia, akasimama mbele yao. Tulimshusha akiwa anawasihi hao askari wake wasimwue. Hospitali akapata degedege la mtu mzima. Siku akili ilipomrudia hakukumbuka chochote, hata lile bati.

Dakika Moja:
Kumbe mtu anaacha pombe ndiyo anaugua? Si bora aendelee tu na kidogo kidogo?

Nesi Mstaafu:
Asiendelee, ila aache akiwa mikononi mwa wahudumu. Aliyelewa kila siku kwa miaka, akikata ghafla, hali hiyo hutokea sana kati ya saa 48 na 96, na inaua. Hospitali wanampa diazepamu ya kumshusha taratibu na vitamini B1. Wakitaka kumtundikia dripu ya glukosi, ukumbushe B1 itangulie. Asipoipata, kumbukumbu zinaweza kuharibika moja kwa moja.

Mwana Tanga:
Turudi kwenye mada jamani, gongo ifunguliwe uzi wake. Bibi yangu ana miaka themanini na kitu, macho yana presha na mtoto wa jicho. Anaona vijitu vifupi vimevaa kofia za rangi vinapita ukumbini. Anavicheka. Anasema mwenyewe, "Najua havipo." Hesabu ya hela za maandazi humdanganyi hata shilingi. Je, naye anaelekea kwenye usahaulifu?

Daktari Mtarajiwa:
Ndugu, si lazima. Mwaka 1760 Charles Bonnet wa Geneva aliandika habari za babu yake, Charles Lullin, mzee karibu miaka 90, macho yamefifia kwa mtoto wa jicho, anaona watu, ndege na magari ya farasi, na akili yake ni nzima. Ubongo ukikosa picha kutoka machoni huanza kuchora zake. Mpelekeni kwa daktari wa macho kwanza. Cha kuangalia ni hicho hicho: je, anajua havipo? Siku akianza kuvipakulia chakula, mpelekeni kwa daktari wa ubongo.

Mtu wa Mbili Kasoro:
Nimesoma kimya, naona mnaongea habari za wagonjwa. Mimi ndiye mgonjwa. Skizofrenia, ugonjwa wa akili, tangu chuo. Sauti zangu ni za wanaume wawili, wananijadili: "Sasa anafunga mlango. Anajiona msafi huyu." Daktari alinieleza kwamba kila mtu anajisemesha kichwani, ila ubongo wangu unashindwa kuzitambua hizo sauti kuwa ni zangu, unaziandikia mwenyewe mwingine. Siku aliponiambia hivyo nililia, kwa sababu kwa mara ya kwanza palikuwa na maelezo ambayo hayakuwa laana.

Ila kuna jambo halisemwi. Dawa zilinyamazisha wale wanaume. Akili ya kushika mambo haikurudi yote. Ukinituma vitu vitatu dukani nitaleta kimoja. Naanza aya, nikifika mwisho mwanzo umeshapotea. Ndugu zangu wanasema, "Si umepona, mbona mvivu?" Sijawa mvivu. Niandikieni karatasi, niambieni jambo moja kwa wakati, nipeni muda wa kujibu. Hicho ndicho ninachoomba kuliko hata pole.

Binti Kigamboni:
Ahsante sana kaka kwa kufunguka. Namwonyesha mama.

Dakika Moja:
Na wakirudi wale wawili unafanyaje? Mdogo wangu anabishana nao mpaka usiku wa manane.

Mtu wa Mbili Kasoro:
Sibishani, wanapata nguvu. Naimba kwa puani, au naweka redio masikioni. Mdomo ukiwa na kazi wao wanapungua.

Mzee wa Nyasaka:
Mimi marehemu kaka yangu alikuwa anawafokea na wanaondoka.

Kipanga Mweusi:
Na huyu wa kuona watoto, tumkubalie au tumkatalie? Mama mkwe wangu tukimkatalia anavunja vyombo, tukimkubalia anataka tuwatandikie kitanda.

Binti Kigamboni:
Usimkatalie wala usiwatandikie. Mwambie, "Mimi siwaoni baba, lakini nipo hapa na wewe," halafu mpeleke chumba kingine. Taa iwake usiku. Mapazia ya maua sisi tulitoa, alikuwa anaona nyuso ndani yake. Kioo cha kabati tukakifunika.

Mama Wawili:
Kwetu kukataa ndiko kulikosaidia.

Fundi Cherehani:
Samahani nachelewa. Mwanangu wa darasa la sita ananusa mpira unaoungua, hakuna moto popote. Akishanusa anatulia kama dakika moja, anatafunatafuna hewa, ukimwita haitiki. Akizinduka hajui tulikuwa tunaongea nini. Mwalimu anasema anaota mchana, shangazi yake anasema akaombewe.

Nesi Mstaafu:
Mama, hiyo inafanana sana na kifafa kinachoanzia ubavuni mwa ubongo, na kifafa kina dawa. Asipande mti, asiende kisimani au mtoni peke yake, na asisimame karibu na jiko. Ikitokea tena mrekodi kwa simu tangu mwanzo mpaka mwisho, uangalie na saa, umwonyeshe daktari hiyo video. Unaishi mkoa gani nikuelekeze pa kuanzia?