Tupeane uzoefu: mliokaa chumba kimoja na Wafilipino huko Ghuba, wimbo gani wao umewaganda?

Mwana wa Makorora: Wakuu, nipo kwenye daladala hapa Tanga, dogo mmoja kafungulia simu, nasikia "Again" ya Leanne & Naara. Nikahisi harufu ya chumba chetu cha Sharjah! Wale madada wawili, Leanne Mamonong na Naara Acueza, gitaa na sauti mbili zinasokotana, ndio waliokuwa wananilaza. Kabayan, ndivyo Wafilipino wanavyoitana, wa kitanda cha juu alikuwa hazimi. Mwageni yenu.

Shangazi Mwanaidi: Mie Muscat walinikamata Ben&Ben, nao Wafilipino. Wawili wale hawana mpinzani.

Kijana Likoni: Shangazi, Ben&Ben ni watu tisa.

Shangazi Mwanaidi: Walianza wawili mwanangu, pacha, Paolo na Miguel Benjamin Guico, wakijiita The Benjamins. Usinifundishe.

Kijana Likoni: Kuanza si kubaki. Albamu yao Limasawa Street ya 2019 ni bendi nzima ile, violini na ngoma zimo.

Mama Zawadi: Acheni kuhesabu watu. Mimi Doha 2020, ndege zimesimama, dada tuliyekuwa tukilala naye kitanda cha chini na juu akafiwa na mamake kwao Iloilo, Ufilipino. Kwao maiti hulazwa siku kadhaa watu wakikesha, basi mkesha mzima akautazama kwenye simu. Wamezika, simu ikakatwa, akaweka hiyo hiyo "Again". Ikiisha inaanza. Saa tisa usiku bado. Sasa tulikuwa na mwenzetu mwingine ana zamu ya alfajiri hotelini, akashuka, akaichomoa ile spika ukutani bila kusema kitu. Yule dada hakupiga kelele. Alikwenda jikoni akarudi na sufuria la wali. Lilipita sikioni kwangu likagonga kabati, mlinzi akapanda na barakoa kidevuni anauliza nani kafa. Hakuna aliyemjibu. Tukakaa chini wote wanne tunaokota wali, na aliyechomoa spika ndiye aliyeichomeka tena.

Fundi AC: Duh.

Chande wa Buguruni: Pole yake. Lakini huo wali ulikuwa wa nani?

Mama Zawadi: Wangu!

Kijana Likoni: Mwenye spika alikuwa na makosa. Kuna vipokea sauti vya masikioni.

Shangazi Mwanaidi: Wewe umewahi kufiwa uko ng'ambo? Nyamaza.

Mwana wa Makorora: Jamani, mimi niliuliza nyimbo.

Fundi AC: "Maybe the Night" ya Ben&Ben. Naipiga kwenye harusi hapa Morogoro, watu wanadhani nimetunga mimi. Sijawahi kukanusha.

Binti Kahama: Naondoka kwenda Doha karibuni, chumba ni cha watu wanne. Nijiandaeje?

Kijana Likoni: Vizibo vya masikio.

Shangazi Mwanaidi: Usimsikilize. Jifunze kuimba. Ijumaa wakitoa videoke, ile mashine ya karaoke, ukikataa maikrofoni wanajua umenuna, na pansit, tambi zao za kukaanga, huli.

Chande wa Buguruni: Akiimba vibaya je?

Shangazi Mwanaidi: Mashine inampa alama tu. Mie nilipata nyingi kuliko wenyewe.

Kijana Likoni: Mashine hizo zinatoa alama ovyo, shangazi.

Mama Zawadi: Binti, beba sufuria lako, liandike jina.