Joka la Kraków

Baba Salma: Shikamoo, Shangazi. Filamu ya joka la Kraków, mji wa Poland unakoishi, uliyotuchagulia tuliitazama jana na watoto wote, na Salma hakuondoka mkekani mpaka ilipokwisha. Swali lake limenishinda: joka lililowashinda mashujaa wa mfalme limeuawaje na fundi viatu?

Shangazi (Kraków): Marahaba, mwanangu. Mwambie kwamba fundi huyo, ambaye Wapolandi humwita Skuba, aliijaza salfa ndani ya ngozi ya kondoo, akaishona vizuri, akaitega mbele ya pango chini ya kilima cha Wawel. Joka lilipoimeza likaungua tumboni, likanywa maji ya mto Vistula mpaka likapasuka. Kazi ile ilimtaka mtu wa sindano na uzi, si wa upanga. Hata hivyo, Skuba aliingizwa baadaye. Katika masimulizi ya Askofu Wincenty Kadłubek, aliyefariki mwaka 1223, walioliua joka kwa hila hiyohiyo ni wana wawili wa mfalme, kisha mdogo akamuua mkubwa wake na kulisingizia joka kifo hicho.

Mama Salma: Shangazi, nashukuru kwamba watengenezaji wa filamu waliliacha hilo, maana watoto wangelala na hofu.

Bibi: Mwanangu, ninyi nyote niliwasimulia Nunda mla watu, paka aliyelelewa na sultani mwenyewe, akaanza na mifugo, akaishia kuwala wana wa sultani, wala hakuna aliyekosa usingizi. Mtoto huogopa zaidi anapoona kwamba amefichwa jambo.

Shangazi (Kraków): Nami naona kama Bibi. Mdogo yule aliyemuua nduguye aligunduliwa akafukuzwa nchini, kwa hiyo mtoto anaisikia haki ikitendeka, na mimi ningeisimulia yote.

Baba Salma: Salma anauliza kama joka lenyewe bado lipo.

Shangazi (Kraków): Mbele ya pango lipo sanamu la metali lililobuniwa na mchongaji Bronisław Chromy, nalo hutema moto wa kweli kila baada ya dakika chache. Kando ya mlango wa kanisa kuu la Wawel imetundikwa kwa minyororo mifupa mikubwa ambayo wazee waliiita ya joka, ingawa ni ya wanyama wa kale, na husemwa kwamba siku itakapoanguka dunia itakwisha. Kesho nikitoka kazini nitapita kuipiga picha, minyororo ionekane, nimtumie.