Tupeane uzoefu: umewahi kutembezwa mji mkongwe kwa miguu? Ulipewa historia au ulipewa chai?

Mpenda Vichochoro (mwenye uzi)

Wadau, salaam. Juzi Jumamosi nimefanya jambo ambalo miaka yote nililiona la Wazungu: nimemlipa mtu anitembeze Bagamoyo kwa miguu. Naishi Dar, Bagamoyo ni kilomita sabini na kitu. Nimeshaenda kwa harusi, kwa msiba, kwa kuogelea. Mji wenyewe nilikuwa siujui. Nikapanda gari stendi ya Makumbusho alfajiri, saa tatu nimesimama mbele ya Ngome Kongwe na kijana mwenye kofia ya viua na kitambulisho kifuani. (Tuelewane mapema, huyu anaitwa mwongoza watalii. Shemeji yangu kila siku anasema "gaidi", iko siku atatukamatisha.)

Nilidhani ni mzunguko wa saa moja. Tumeachana saa saba na nusu mchana, viatu vipya vimenitoa malengelenge.

Kilichoniteka hasa ni nyumba moja ambayo ningeipita bila kugeuka. Kijana akasimama, akaonyesha dirishani juu, akaniuliza: "Unamjua Emin Pasha?" Simjui. Akaanza. Daktari wa Kijerumani, gavana wa Ikwatoria huko kusini mwa Sudan, akazingirwa na vita vya Mahdi, kiongozi wa uasi wa Sudan, miaka na miaka. Stanley, yule mpelelezi, akavuka msitu wa Kongo kwenda kumwokoa, watu wakafa njiani kwa mamia. Tarehe 4 Desemba 1889 wakaingia Bagamoyo salama salimini, Wajerumani wakawaandalia karamu. Usiku uleule Emin, macho yake mabovu, akatoka kupunga upepo akapitia dirishani hadi chini. Amepona Mahdi, amepona msitu, amekwenda kuvunjikia karamuni! Hakufa, lakini alilala hospitali wiki kadhaa. Kijana alivyokuwa anasimulia, hata muuza madafu wa jirani aliacha panga akasikiliza, na nadhani ameshaisikia mara mia.

Kisha misheni ya Mapadri wa Roho Mtakatifu, iliyoanza 1868. Kuna mbuyu wa mwaka huohuo uliomeza mnyororo wa kufungia punda, kimebaki kipande tu kinachungulia. Na kuna mnara wa kanisa ambamo maiti ya Livingstone ililazwa usiku mmoja, Februari 1874. Hapo ndipo nilipowajua vizuri Chuma na Susi. Wale jamaa na wenzao walimkausha bwana wao kwa jua na chumvi huko Chitambo, Zambia ya leo, moyo wake wakauzika chini ya mti, wakambeba zaidi ya kilomita elfu moja na mia tano mpaka pwani. Waingereza walipoupokea mzigo, wakawalipa mishahara na kuwaaga. Kwenye mazishi London mwezi wa nne hawakuwepo. Akaenda mwenzao mmoja, Jacob Wainwright.

Sasa kilichonifanya nianzishe uzi. Tunarudi mjini, kijana ananieleza jina la mji: watumwa wakifika hapa walijua hawarudi tena, wakasema "bwaga moyo", uache moyo wako hapa. Nimenyamaza, nina huzuni yangu. Barazani kuna mzee anacheza bao. Bila kuinua kichwa akasema: "We mtoto, hao watumwa walikupigia simu?" Baraza zima likaangua kicheko. Kijana akacheka pia, akanivuta mkono tukaenda.

Nimerudi nyumbani na lile swali. Waliowahi kutembezwa, iwe Lamu, Kilwa, Pangani, Ujiji, popote, tupeane uzoefu. Mlipewa nini?

Mtoto wa Dunda

Karibu sana kwetu, na pole kwa malengelenge. Huyo mzee nadhani namjua, lakini simtaji. Bibi yangu naye alikuwa upande wake. Alisema waliobwaga moyo ni wapagazi. Mnyamwezi ametoka Tabora, miezi mitatu pembe ya ndovu begani, usiku analala na jicho moja. Akiona bahari mizigo imekwisha, kuna malipo, kuna ngoma, kuna nazi. Atasema nini? Bwaga moyo, tulia.

Siwatetei wenye biashara ile. Watumwa walipita hapa, na yeyote anayekataa anajidanganya. Ila tukienda kwa wingi, Kilwa Kivinje ilisafirisha wengi kuliko sisi. Bagamoyo ilikuwa zaidi mji wa pembe na wapagazi, ndiyo maana kuna Caravanserai pale, kituo cha misafara. Jina linaweza kubeba maana zote mbili, inategemea aliyelitamka alikuwa na nini shingoni.

Swali la pembeni: hakukupeleka Kaole? Kama hakukupeleka umeona nusu.

Miguu ya Kazi

Mimi ndiye "gaidi" mwenyewe, ila mji wangu siyo Bagamoyo. Naomba nijitetee, na nijishtaki kidogo.

Mgeni wa nje akifika kitu cha kwanza anauliza ni minyororo. Minyororo iko wapi, walifungwa chumba gani. Ukimwambia chumba hiki kilikuwa ghala la kopra, uso unashuka na bakshishi inashuka nao. Mwananchi akija naye ana lake, anataka hazina ya Mjerumani. Nimeulizwa mara ngapi kama ramani ya rupia ipo! Mwingine anataka jini. Sasa wewe una watoto wanasoma, una mgeni ameshachoka na jua, utafanya nini? Unakoleza.

Miaka ya mwanzo nilikuwa na handaki moja la uongo kutoka bomani hadi baharini. Lilinilipa sana. Siku moja nimeleta wanafunzi, mwalimu wao wa historia akaniambia mbele yao twende tukaingie. Handaki lenyewe halipo! Tangu siku ile nikianza hadithi nasema "wazee wanasimulia" au nasema "imeandikwa", sichanganyi. Mkitembezwa sikilizeni maneno hayo mawili. Mwongozaji asiyeyatumia kabisa, huyo mtilieni shaka.

Bint Langoni

Mimi mnanisemea, maana nyumba yetu ndiyo inayotembelewa 😂

Lamu, kichochoro chetu kiko kwenye njia yao. Tangu mji uingizwe kwenye urithi wa dunia mwaka 2001 nimekua nikiwasikia dirishani, lugha zote, na maneno ni yaleyale: hapa panaitwa daka, mwanamume mgeni aliishia hapa, ndani kuna kiwanda, yaani ua, kule mwisho kabisa ndani, mahali pa wanawake. Mie niko huko "mwisho kabisa ndani" nakuna nazi nawasikiliza.

Mwaka jana nikaamua. Nikavaa buibui langu, nikajiunga na kundi la wageni wa Nairobi, nikalipa kama wao. Mwongozaji alinitambua akataka kunirudishia pesa, nikakataa. Tukaanzia ngomeni, iliyokamilika 1821. Nilikuwa naijua kama mahali pa kivuli na mikutano tu, leo naambiwa ilijengwa baada ya vita vya Shela. Tukaingia nyumba ya makumbusho, akaeleza zile zidaka za ukutani, safu juu ya safu, kwamba ziliwekwa vyombo vya Kichina. Ni kweli. Lakini kwa nyanya yangu kidaka kimoja kilikuwa na msahafu, kimoja chupa za uturi, kimoja dawa ya kikohozi na risiti za stima, yaani umeme. Nikasema hivyo kwa sauti. Kundi lote likanigeukia mimi, na mwongozaji, Mungu ampe kheri, akasema: "Endelea dada." Nusu saa nikawa mimi ndiye mwongozaji.

Ombi moja tu kwa mnaokuja: msitupige picha tukiwa milangoni kwetu bila kuuliza. Na mkisikia "simile! simile!" nyuma yenu, egemeeni ukuta. Huyo ni punda ana mzigo, na punda wa Lamu hana subira na historia.

Abiria wa Mashua

Kilwa Kisiwani. Kibali unachukua Kilwa Masoko, halafu mashua. Tulichelewa tukafika jua la saa sita, msifanye hivyo. Mwongozaji wetu alikuwa mtu mzima, hasemi. Tumeingia Msikiti Mkuu, akasema "wa karne ya kumi na moja, huku wakauongeza baadaye", akakaa kwenye jiwe. Nikawaza pesa yangu imepotea.

Halafu nikaanza kusikia. Upepo chini ya kuba, mbuzi, mama anaita mtoto nyuma ya magofu, kwa sababu watu wanaishi pale, siyo makaburi matupu. Husuni Kubwa, jumba la kale la sultani, tulipofika kwenye lile bwawa la pembe nane juu ya jabali, akafungua mdomo: "Msafiri Ibn Battuta alikuja 1331. Alisema ni mji mzuri. Tazama." Basi. Hayo ndiyo maneno marefu aliyosema siku nzima, na ndiyo ninayoyakumbuka.

Nimeshapigwa

Nyie mna bahati. Mji mmoja nisioutaja, tumekubaliana bei na jamaa. Mwisho wa safari naambiwa kuna ada ya picha, ya mlinzi, ya mwenye mlango tuliousimamia tukauangalia! Nikauliza mlango unaangaliwa bure au vipi, akaniambia mlango wa nakshi hauangaliwi bure. Nililipa kwa sababu jua linazama na yeye tu ndiye anaijua njia ya stendi.

Miguu ya Kazi

Pole mkuu, hao ndio wanatuharibia. Kabla ya hatua ya kwanza: kitambulisho, bei ya jumla, kiingilio kipi kimo na kipi hakimo, na stakabadhi kwa kila ofisi ya serikali. Akikasirika kwa kuulizwa, mwache palepale.

Kibarua wa Maskati

Yangu ni ya mbali kidogo. Niko Oman mwaka wa sita. Tulikwenda Al Hamra, mji wa kale wa nyumba za udongo chini ya milima, zingine za ghorofa, nyingi zimehamwa. Kundi letu Wahindi, Wafilipino na mimi. Mwongozaji, bwana wa makamo mwenye kanzu na kofia, anaeleza kwa Kiingereza jinsi maji ya falaji, mifereji yao ya kale, yanavyogawiwa mashambani kwa zamu. Simu yake ikalia. "Naam mama. Nakuja mama, nimebanwa na wageni. Eee, muhogo nimeshanunua."

Nilitaka kulia. Nikamwambia, "Shikamoo, na nazi je?" Akasimama kama aliyepigwa na umeme. Wazazi wake walitoka Unguja baada ya 1964, nyumbani kwao ni Kiswahili tu. Kuanzia hapo kila jengo nilielezwa mara mbili, Kiingereza cha wote na Kiswahili cha kwangu peke yangu, na cha kwangu kilikuwa na umbea zaidi: nani alimkatalia nani binti, nyumba gani ilirithiwa kwa ugomvi. Wahindi wakalalamika mbona yako ni ndefu. Muhogo niliula jioni.

Mpenda Vichochoro

Nimesoma zote, nyingine mara mbili. Bint Langoni, hilo la risiti za stima kidakani nitalisimulia mpaka uzee.

Mtoto wa Dunda, Kaole hakunipeleka, nilishakuwa nachechemea. Nieleze.

Mtoto wa Dunda

Kama kilomita tano kusini, bajaji zipo. Magofu ya misikiti miwili, mmoja wa karne ya kumi na tatu, na makaburi, mengine yana nguzo ambazo zamani zilipachikwa bakuli za Kichina. Kuna mbuyu mkubwa, utaambiwa ukiuzunguka unaongezewa miaka. Hapo sasa angalia: mwongozaji atasema "wazee wanasimulia" au atakuambia uanze kuzunguka?

Na yule mzee wa bao anakaa pale baada ya Alasiri. Usiende mikono mitupu. Kashata zinatosha.

Mpenda Vichochoro

Jumamosi ijayo basi, gari la alfajiri, Makumbusho. Anayekuja aseme tugawane gharama ya mwongozaji, nimeshaongea na yuleyule kijana. Kashata nanunua mimi. Na safari hii navaa kobazi.