Mrejesho: ile ziara ya Bonde Takatifu, Peru

Ndugu zangu, niliwauliza kama ziara ya siku moja na mwongozaji kutoka mji wa Cusco inatosha kuona magofu ya Inca, dola ya kale ya huko, na masoko ya milima ya Andes. Nimerudi salama, asanteni sana.

Inatosha, ila ni mbiombio. Soko la Pisac tulipewa dakika arobaini tu. Aliyenishauri nipumzike siku mbili kwanza, Mungu ambariki: Cusco ipo mita 3,400 hivi juu ya usawa wa bahari, na ngazi za magofu ya Ollantaytambo zinakata pumzi. Lakini kule juu! Mawe sita makubwa, yenye wekundu wa waridi, yamesimama bega kwa bega. Yaliletwa kutoka mlima wa ng'ambo ya mto.

Moyo wangu umebaki Chinchero, kijiji cha wafumaji. Mama mfumaji alichukua vidudu vya kochinili, wale wanaoishi kwenye mpungate, akavisaga kiganjani, kiganja kikawa chekundu kama damu. Akakamulia ndimu, rangi ikageuka ya machungwa. Nilinunua shali yake bila kuomba apunguze bei.

Tiketi ya magofu haikuwemo kwenye bei ya ziara yangu. Ulizeni kabla ya kulipa.